Nani Asogee Altareni

Siku hizi, mjukuu wangu, neno madhabahu limekuwa la barabarani. Nimelisoma nyuma ya basi dogo liendalo Himo, nimelisikia redioni usiku wa manane kutoka kwa mhubiri asiyechoka, na juzi mjomba wako amenipigia simu kutoka Arusha. Kiongozi wa maombi huko anakosali amemwambia kwamba ukoo wetu una madhabahu ya zamani, na isipovunjwa biashara yake ya vipuri haitafunguka. Nikamwuliza ni madhabahu ipi hiyo. Akanyamaza kidogo, halafu akasema, "Ile ya wazee, baba, kule migombani." Na wewe, kila Jumapili ya zamu yako, unavaa kanzu nyeupe, unabeba mshumaa na kusimama kando ya altare kana kwamba wasichana wamesimama pale tangu enzi za Mitume. Hakuna ubaya. Ila kati ya simu ya mjomba wako na mshumaa wako kuna mambo niliyoyaona kwa macho haya, na kwa kuwa walioyaona pamoja nami wamebaki wachache, afadhali uyasikie kwangu.

Mahali pa babu yangu pa kusalia palikuwa ndani ya kihamba, shamba letu la migomba, mbali kidogo na nyumba, penye duara la mimea ya masale iliyopandwa na watu ambao yeye mwenyewe hakuwakuta hai. Hapakuwa na jengo wala meza. Palikuwa na mawe machache, masale, na kivuli cha migomba kilichofanya udongo wa pale uwe na unyevu hata wakati wa kiangazi. Kwa desturi ya Wachaga wa zamani, mtu alizikwa, na baada ya miaka kadhaa mifupa yake ikafukuliwa, fuvu likapelekwa migombani kukaa pamoja na ya waliomtangulia. Wamisionari waliipiga vita desturi hiyo, na mimi nilipozaliwa ilikwisha kufa, lakini mahali palibaki na heshima yake ikabaki. Babu alibatizwa uzeeni, akapewa jina la mtakatifu na rozari ya kutundika ukutani. Hata hivyo mwaka ukiwa mgumu, kahawa ikiungua kwa jua au mtoto akiugua bila kueleweka, alishuka sokoni akanunua beberu kwa shilingi 30 na kuwaita wanaume wa ukoo. Nazikumbuka asubuhi zile kwa harufu: pombe ya mbege iliyokomaa, moshi wa kuni mbichi, damu ya mbuzi, na ugoro wa wazee. Babu alimwaga mbege kidogo chini, akataja majina, mengine sikuwahi kuyasikia mahali pengine popote, akaomba mvua, uzao, na jirani asiyesumbua mipaka. Ngozi ya yule mbuzi ilikatwa vipande vyembamba, kila mmoja akavishwa chake kidoleni. Kila mtu alijua pa kusimama: wakubwa mbele, vijana nyuma yao, wakwe pembeni, sisi wavulana mwisho kabisa. Wanawake hawakuwepo. Bibi ndiye aliyeotesha ulezi, akausaga, akachemsha ndizi, akatia magome ya msesewa na kuichuja mbege ile kwa mikono yake. Lakini ilipopelekwa mbele ya masale yeye alikuwa jikoni, akisikia kwa mbali majina ya wakwe zake yakiitwa.

Kanisani nako palikuwa na utaratibu wake. Mapadri wa Shirika la Roho Mtakatifu walipanda mlima wetu, Kilimanjaro, mwanzoni mwa miaka ya 1890, wakaanzia Kilema, na kutoka hapo misheni zikasambaa. Kanisa letu la mawe lilikuwa na ubaridi hata saa sita mchana, kuta zake zikinuka unyevu, ubani na nta. Altare ilikuwa juu kabisa, imeegemezwa ukutani, unaipanda kwa ngazi tatu, imefunikwa vitambaa vitatu vya kitani. Katikati yake palikaa tabernakulo, huku na huku vinara vya shaba tulivyovisugua kwa majivu na limau. Mbele yake, kati ya padri na watu, palikuwa na kizuizi cha mbao ambapo waumini walipiga magoti kupokea komunyo. Nilianza kutumikia misa nikiwa mdogo, mwaka uleule bendera ya Tanganyika na mwenge wa Uhuru vilipopandishwa kileleni pale juu yetu. Kilatini tulifundishwa na katekista kwa masikio tu, fimbo ya mbuni ikiwa mezani, nasi tukakijibu kwa kasi bila kujua tunajibu nini. Kazi yangu ilikuwa kuhamisha kitabu kikubwa kutoka upande mmoja wa altare hadi mwingine, kupiga kengele, na kushika pindo la kasula padri anapoinua hostia. Kwa hiyo nilichokijua vizuri katika misa ni mgongo wa padri na visigino vyake. Padri wetu alikuwa Mzungu mzee, mrefu, na soli ya kiatu chake cha kushoto ilikuwa imetoboka. Kanisa zima halikujua hilo. Nilijua mimi na mwenzangu wa kulia, tukalinyamazia.

Siku moja sakristani, mzee mpole aliyekuwa na jicho moja lenye mtoto, alitunyanyulia vitambaa vile akatuonyesha kilichokuwa chini yake. Palikuwa na jiwe la mraba, limechorwa misalaba mitano kwa ajili ya madonda ya Bwana, na katikati yake tundu dogo lililozibwa kwa saruji. Akatuambia kwamba humo mna masalia ya mashahidi, mifupa ya watu waliouawa kwa ajili ya imani zamani sana, na bila jiwe lile padri hawezi kusoma misa hapo. Padri akienda vigangoni kusomea misa darasani au chini ya mti, alibeba jiwe dogo la namna hiyo ndani ya sanduku lake. Nilikimbia nyumbani nikamweleza babu. Aliniacha nimalize, akajaza ugoro puani, akapiga chafya mara mbili. Kisha akasema, "Kwa hiyo wao nao wanasali juu ya mifupa ya wazee wao. Mbona walituambia tuizike?" Hakusema kwa hasira. Alisema kama mtu aliyegundua kwamba jirani yake mgeni, baada ya miaka yote ya kumtazama kwa mbali, anakula ndizi vilevile anavyokula yeye. Katekista alipopelekewa habari hiyo alikuja jioni kumweleza tofauti: mashahidi wanaheshimiwa, anayeabudiwa ni Mungu peke yake. Babu akamkaribisha mbege, akasema hata yeye hajawahi kuliabudu fuvu la baba yake, huwa anampa salamu tu. Wakazungumza mpaka giza likaingia, wakaagana kwa adabu, na hakuna aliyehama alipokuwa.

Sasa nikueleze Jumamosi, maana ndiyo siku niliyojifunza zaidi. Wakati wa misa hakuna mwanamke aliyevuka kizuizi kile. Hiyo ilikuwa sheria ya Kanisa zima, si ya mlimani kwetu tu. Lakini kila Jumamosi alasiri mama yangu na wenzake walifika na ndoo, matambara na mafagio ya chelewa, wakavua viatu, wakapanda ngazi zile tatu na kufanya kazi. Walikwangua nta iliyodondoka, wakakung'uta zulia, wakabadilisha maji ya maua, wakatandika vitambaa walivyovifua, wakavitia wanga wa muhogo na kuvinyoosha kwa pasi ya mkaa. Kipande cha sabuni na mkaa walinunua wenyewe, kila mmoja akichanga thumni kutoka kwenye fedha ya kuuza ndizi. Walicheka mle ndani, wakasemezana habari za wakwe na bei ya chumvi. Mama alikuwa na kawaida ya kupangusa ukingo wa altare kwa ncha ya khanga yake akimaliza, hata kama ulikuwa umekwisha kung'aa. Kesho yake, kengele ya misa ikilia, alikuwa benchi la nne upande wa kushoto, ng'ambo ya kizuizi, macho yake yakitazama kitambaa alichokinyoosha mwenyewe. Nilimwuliza kama haoni ajabu. Akaniambia, "Wewe tumikia misa, mambo ya Jumamosi tuachie sisi." Sikuwa mtoto wa kumbishia mama.

Mambo makubwa yalikuja kutoka mbali, nasi tukayapokea taratibu. Mwaka 1962 Papa Yohane wa 23 alifungua Mtaguso wa Pili wa Vatikano huko Roma, na Kardinali Rugambwa wa Bukoba, Mwafrika aliyevikwa kofia nyekundu mwaka 1960, alikuwa miongoni mwa maaskofu waliokaa kuzungumza. Kwetu watu walikuwa na habari nyingine za kuwashughulisha: maasi ya wanajeshi Dar es Salaam, Mapinduzi ya Unguja, Muungano, malipo ya pili ya kahawa kutoka KNCU, chama chetu cha ushirika. Lakini Septemba 1964 Roma ilitoa maagizo yaliyoanza kutumika tarehe 7 Machi 1965, Jumapili ya kwanza ya Kwaresima. Humo mlikuwa na neno kwamba yafaa altare kuu isimame mbali na ukuta, watu waweze kuizunguka, na padri aweze kusoma misa akiwatazama waumini. Jimbo likapeleka habari parokiani, paroko akaitangaza, na swali la kwanza la wazee wa kanisa lilikuwa la fedha. Altare ya mawe haibebeki, kuivunja ni gharama na ni uchungu. Ikaamuliwa ibaki ilipo na tabernakulo lake, mbele yake iwekwe meza mpya ya mringaringa. Fundi aliyesifiwa kwa mringaringa kuliko wote alikuwa Mlutheri.

Huwezi kuelewa uzito wa jambo hilo leo. Mlima wetu uligawanywa na misheni kama shamba: Machame na Marangu kwa Walutheri, Kibosho, Kilema na Rombo kwa Wakatoliki, na mpaka wa dini ulikuwa pia mpaka wa shule, wa hospitali na wa ndoa. Fundi alikuja na kalamu sikioni na futi ya kukunja, mtu mfupi mwenye mikono mipana na ukucha mmoja mweusi uliopigwa nyundo. Alifika kwenye kizuizi akasita, akavua kofia, akamtazama padri. Padri akamfungulia mlango mdogo. Alipima sakafu, akapima kimo cha padri mpaka kiunoni, akauliza kama ataweka vitabu vizito. Mmoja wa wazee wetu, kwa kumchokoza, akamwuliza kama anajua anachokwenda kutengeneza. Fundi akajibu, "Ninyi mnaiita altare, sisi tunaiita madhabahu. Mbao hazina habari." Bei aliyotaja ilikuwa shilingi 150 pamoja na mbao, na babu aliposikia alihesabu kwa vidole akasema hao ni mbuzi watano. Vigango vikachanga. Meza iliyoletwa ilikuwa nzito, imara, bila nakshi, ikinuka vanishi kwa majuma mengi hata ubani ukashindwa kuifunika. Jiwe dogo la padri la safari likawekwa juu yake, vitambaa vikatandikwa, na akina mama wakagundua kwamba vile vya zamani havitoshi. Wakashona vipya.

Jumapili ya kwanza ya meza ile watu walijaa mpaka nje. Padri alitoka sakristia, akaibusu meza, akasimama upande wa pili akatugeukia, na kwa muda fulani hakuna aliyejua pa kuweka macho yake. Watu waliomfahamu kwa miaka mingi waliona kwamba mikono yake inatetemeka. Ilikuwa ikitetemeka siku zote, bila shaka, nami kutoka chini kule nilikuwa naona pindo la kasula tu. Waliona anafumba macho anapoomba, jasho linamtoka juu ya mdomo, na Kiswahili chake, ambacho mahubirini kilikuwa na nguvu, kinajikwaa anaposoma sala mpya kwenye karatasi zilizopigwa chapa kwa mashine. Kiswahili kiliingia kwa vipande, leo masomo, kesho nyimbo, sehemu kubwa ya katikati ikabaki Kilatini kwa muda. Baada ya misa, nje, maoni yalitoka chini ya mti wa mparachichi. Kijana mwalimu alisema sasa tunaelewa kinachofanyika. Bibi mmoja mwenye fimbo akasema, "Zamani sote na padri tulimtazama Mungu. Sasa padri anatutazama sisi, sisi tunamtazama padri. Nani amebaki na Mungu?" Nimesikia wanateolojia wakitumia vitabu vizima kulizunguka swali hilo, na hawakuliuliza vizuri zaidi yake. Mama yangu hakutoa maoni. Aliniambia tu kwamba kile kitambaa kimekaa upande, kushoto kinaning'inia zaidi.

Baadaye nilipata kazi, nikatembea. Katika miaka ya 1970 nilipelekwa Unguja kikazi, na saa za mapumziko nikaingia kanisa la Waanglikana la Mkunazini. Unajua lilipojengwa: soko la watumwa lilifungwa mwaka 1873, na mwaka huohuo, siku ya Krismasi, likawekwa hapohapo jiwe la msingi la kanisa. Askofu Edward Steere, yule aliyetuandikia sarufi ya Kiswahili, alilisimamia, akafa mwaka 1882, akazikwa nyuma ya altare. Mzee aliyenitembeza alikuwa na koti kuukuu na sauti ya chini. Alinionyesha duara la marumaru sakafuni, mbele ya altare, akasema hapa ndipo inaposemekana palikuwa na mti wa kufungia watu na kuwachapa, ili mnunuzi aone nani analia na nani anastahimili. Nilisimama pale nikitafakari. Maisha yangu yote nilikuwa nimejua mahali patakatifu kuwa ni mahali watu wanapotamani kusogea na wanazuiwa. Hapa watu waliburutwa kusogea. Ndipo pia nikaelewa uzito wa neno la fundi wetu, kwa sababu madhabahu ni neno lililotoka Uarabuni na maana yake ni mahali pa kuchinjia. Sisi Wakatoliki wa mlimani, kwa kusema altare, tulikuwa tumeficha kisu. Babu hakukificha, yule mzee wa Mkunazini hakukificha. Nilimpa shilingi mbili, akakataa, akasema nitumbukize kwenye sanduku.

Kizuizi cha parokia yetu kilivunjwa miaka michache baada ya ile meza kuingia, mbao zake zikawa mabenchi ya mafundisho ya kipaimara. Fundi alikuja mazishi ya babu, nami nikaenda mazishi yake kwa Walutheri, na pale nikaona madhabahu yao, imetengenezwa kwa mikono ileile, kimo kilekile, miguu ileile minene. Mwaka 1994 Roma ikaruhusu maaskofu wawakubali wasichana kutumikia altareni. Sehemu nyingine walipokea upesi, kwingine ilichukua miaka, na kwetu wazee kadhaa walisusa misa ya pili kwa muda, kisha wakarudi kwa sababu misa ya kwanza ni mapema mno. Mama yangu alikuwa hai. Aliwaona wasichana wa kwanza wakipanda ngazi na mishumaa, akasema viatu vyao vina tope, wangevivua kwanza. Hakusema zaidi, na mimi sitamtungia maneno.

Sasa mjomba wako anataka kung'oa masale. Nimemwambia aje ang'oe mwenyewe, kwa jembe, mchana, mbele ya majirani, na awaeleze kwamba ameamua kuufuta mpaka wa kihamba uliotambuliwa na ukoo kabla Wajerumani hawajapanda mlima. Nimemkumbusha pia kwamba mtu akikosana na ndugu yake hapa kwetu humpelekea jani la isale kuomba radhi, na aliyepelekewa hana njia ya kukataa. Akiyang'oa yote, siku ya kukosana na mimi atakuja na nini? Amesema atafikiri. Huko anakosali madhabahu ni jukwaa lenye zulia jekundu na spika, namba ya kutuma sadaka kwa simu imeandikwa ukutani, na walinzi wawili wenye suti wanasimama mbele kuangalia nani apande. Sikumcheka. Kizuizi chetu nacho kilikuwa na mlango mdogo na komeo. Nilimwuliza tu ni nani anayedeki jukwaa lile. Akasema ni kina mama wa idara ya usafi, wanakuja Jumamosi.

Kwa hiyo usidhani ruhusa uliyopewa mwaka 1994, kabla hujazaliwa, imemaliza habari. Nimeona mahali pa kusali pakibadilishwa mbao, lugha, upande na jina, na waliohesabiwa kustahili kusogea wakiongezeka kidogo kidogo. Ambacho sijaona kikibadilika ni mikono inayoshika ufagio. Wewe sasa una kanzu ya Jumapili na bado una ndoo ya Jumamosi, nami nimewaona wavulana mnaotumikia nao wakicheza mpira uwanjani wakati ninyi mnakwangua nta. Nilimtajia paroko wenu, akacheka, akasema atalifikisha kwa katekista. Usimngoje. Jumamosi ijayo waite wewe mwenyewe, uwaambie babu yako, ambaye ametumikia misa kabla baba zao hawajazaliwa, anasema waje na maji.